Picha Iliyokaa Eda

Wadogo zangu, nimestaafu. Acheni kucheka. Najua sina mvi, na pensheni yangu ni andazi la Bi Rukia kila nikipita barazani kwake, lakini kazi niliifanya na sasa nimeiacha, na mtu aliyeacha kazi ana haki ya kukaa kitako, kukohoa kidogo na kuwachosha watoto kwa maneno. Mama ndiye aliyenistaafisha. Amesema mtihani wa kidato cha nne haufanywi gizani.

Nyinyi wa kidato cha kwanza na cha pili nimewaona. Mnazunguka nyumba ya Mzee Benki kama paka waliosikia harufu ya papa mkavu. Mnataka nafasi yangu. Chukueni, siing'ang'anii. Ila msije mkasema Mishi hakuwaambia: kazi ile inakula roho. Mimi nilikuwa mchekeshaji wa darasa nilipoingia. Nimetoka bado mchekeshaji, lakini nikisikia mtu anapiga hodi, moyo unaruka mpaka leo.

Kwanza mjue mnayemwendea. Jina lake ni Hamza, ila ukiuliza Hamza huku Ngamiani utapelekwa kwa fundi baiskeli. Mzee Benki alikaa Dar es Salaam maisha yake yote ya suti, mkuu wa mikopo na uwekezaji kwenye benki kubwa. Wenye viwanda walimsubiri kwenye kochi wakifuta jasho. Lakini kabla ya suti alikuwa kijana wa studio. Baba yake alipiga picha kwenye chumba cha mbele cha nyumba ileile, mbele ya pazia lililochorwa ndege, na nusu ya wazee wa hapa wana picha wakipanda ndege ambayo haijawahi kuondoka Barabara ya Tisa. Baba akamwambia, picha hazimshibishi mtu, nenda kasome hesabu. Akaenda. Alipostaafu akarudi, suti akawaachia nondo, akafungua kile chumba na kuitoa kamera ya baba yake kwenye sanduku kama mtu anayemwamsha mtoto.

Picha zake si za pasipoti. Ni za rangi nyeusi na nyeupe, nyingine kubwa kama mlango, na anazisafisha mwenyewe kwa dawa kama zamani. Nyinyi mkila chipsi mnaipiga sahani picha mia. Yeye hupiga moja, basi. Kisha hana raha mpaka aione.

Na hela ya picha anazouza kwenye maonyesho haiingii mfukoni. Inakwenda kijijini Kigombe, kwenye macho ya watu. Mama yake alifia huko haoni, mtoto wa jicho amemfunga, na mwanawe yuko Dar anasaini mikopo ya watu. Alinieleza hayo mara moja tu, akiwa amenipa mgongo, na sikuthubutu kutia mzaha. Sasa kila mwaka anapeleka waganga wa macho: siku ya kwanza watu wanapimwa na kupewa miwani, siku ya pili wanapasuliwa wenye mtoto wa jicho. Hataki bango wala fulana zenye jina lake. "Sadaka yenye fulana, Mishi, ni tangazo."

Haya, kazi yenyewe.

Chumba cha giza kina mabeseni matatu. La kwanza linaiamsha picha, la pili linaizuia isizidi kuamka, la tatu linaigandisha isikimbie. Karatasi inaogopa kila mwanga isipokuwa taa nyekundu. Mkanda wa kamera unaogopa hata hiyo taa nyekundu. Dawa ya beseni la pili inanuka siki, na ndiyo maana darasani waliniita Achari. Zoeeni, mtaitwa hivyo pia. Muda Mzee Benki haupimi kwa saa. Anaugonga kwa meno yake ya bandia, tak, tak, tak, na nyinyi mkae kimya, kwa sababu ukimchekesha anapoteza hesabu na karatasi inakuwa nyeusi kama chungu. Nimeshamchekesha. Sishauri.

Atawafundisha na mambo ya benki humohumo. "Mkopo mbaya," alinambia, "unajulikana kwa mtu anayeingia ofisini akitabasamu kupita kiasi. Picha mbaya vilevile. Anayejua anapigwa picha ananiomba mkopo. Ngoja asahau."

Mlango una mlinzi. Ni Bi Rukia, mkewe, anakaa kizingitini akisuka ukili. Kwanza, mama yangu hakukubali nifungiwe gizani na mzee wa watu bila mtu mzima mlangoni. Pili, kuna habari ya mkanda wa Amani.

Mzee Benki alikwenda Amani, kule milimani, akapanda msitu na magoti yake mabovu, akangoja ukungu ukae anavyotaka. Akarudi na mkanda mmoja. Tuko kizani kabisa, anautoa kwenye kamera, na Bi Rukia kaenda sokoni. Mara nje: "Hodi!"

Sasa niambieni nyinyi mliolelewa. Mtu kapiga hodi. Unanyamaza? Mimi nilifundwa tangu nanyonya kwamba hodi haiachwi hewani.

"Karibu!" nikasema.

Mlango ukafunguka, jua lote la Tanga likaingia, na jirani akasimama pale na bakuli. "Jamani, mbona mnakaa gizani? Umeme umekatika?"

Amani yote iliungua. Mzee Benki hakunipigia kelele, alikaa tu kwenye kigoda na ule mkanda mapajani. Tangu siku ile sheria ikawa: humu ndani hodi hujibiwa "Subiri!", na usemwe huna adabu.

Basi. Nilichowakalishia ni habari ya picha ya Bi Mwanaidi.

Bi Mwanaidi mnamjua, mpakaji hina wa mtaa. Hamtajua, labda, kwamba yeye ni somo yangu. Nilipovunja ungo ndiye aliyeniweka ndani akanifunda: namna ya kujitunza, namna ya kukaa na watu, hata namna mke anavyomkalia mumewe eda. Mimi nilikuwa nacheka tu. Alinifinya mpaka leo pana alama. Somo wako ni somo wako, akiaibika nawe umeaibika.

Kwenye harusi ya mpwa wake alipaka wanawake wote, mwisho wasichana wakampaka yeye, hina na piko nyeusi mpaka viwikoni, maua yameshonana. Mzee Benki akaomba ruhusa ya picha. Bi Mwanaidi akakaa kwenye kiti, kanuna kama anapimwa malaria. Mumewe, Mzee Bakari, alikuwa amesimama nyuma ya bega la mpiga picha. Akasema:

"Mwali, tulia! Usimchekee huyo. Bwana harusi ni mimi."

Mwali! Bibi wa wajukuu! Bi Mwanaidi akacheka kichwa nyuma, mikono ikaruka kufunika nusu ya uso, na kamera ikalia.

Nawaambia, picha ile ukiitazama unageuka nyuma kuona nani kasema nini. Tuliikuza kuliko zote. Mkurugenzi, mkubwa wa zamani wa Mzee Benki huko Dar, alionyeshwa nakala ndogo kwenye simu, akasema: hiyo kubwa ni yangu, nakuja kuichukua siku ya maonyesho. Na hesabu ya Mzee Benki ilikuwa wazi. Picha nyingine zote zingelipia siku ya kwanza ya Kigombe. Ile moja ndiyo ilikuwa siku ya pili, siku ya upasuaji.

Siku chache kabla ya maonyesho, Mzee Bakari akafariki. Alisali alfajiri, akajilaza, hakuamka.

Tukazika. Bi Mwanaidi akaingia eda: miezi minne na siku kumi ndani, hana manukato, hana wanja, hana hina, haonekani na wanaume wasio maharimu wake. Na sisi tuna ghala zima la zamani la katani karibu na stesheni, tumelipaka chokaa, tumealika mji, na ukutani mbele mlangoni yupo yeye, hina mpaka viwikoni, anacheka.

Nilifika kwa Mzee Benki nikamkuta sebuleni anazunguka. Tak, tak, tak. Meno yanahesabu na hakuna picha. Nikajua hali mbaya.

"Alikubali," alikuwa anasema. "Alikubali mbele ya mumewe."

"Alikubali akiwa na mume," Bi Rukia akamjibu bila kuinua macho kwenye ukili.

"Watu wanajua ilipigwa zamani."

"Watu gani? Wa mtaa huu? Hao hawakumbuki walichokula jana, ila hina ya mjane wataikumbuka mpaka kiama."

"Nikiiondoa, Rukia, wale wa Kigombe nawaambia nini? Nimeshawaita."

Bi Rukia akakaza ukili wake. Tak, tak.

"Kamuulize mwenyewe," akasema mwishowe.

"Nitaingiaje kwa mwenye eda?"

Wakageuka wote wawili, wakanitazama mimi. Wadogo zangu, siku mkitazamwa hivyo, kumbukeni mna kazi za shule.

Tuliifunga picha kwa shuka, nikaipakia kwenye guta, dereva anakanyaga, mimi nyuma nimeikumbatia. Kila baraza lilikuwa na maneno.

"Mishi, umeiba mlango wa nani?"

"Wa kwenu!" nikajibu. Upepo wa bahari ulikuwa unaipiga ile shuka, na kila ikiinuka nauona mkono mmoja wenye hina unachungulia. Niliukandamiza kwa tumbo langu mpaka tukafika.

Chumbani mlikuwa na kiza cha mapazia. Bi Mwanaidi yuko kwenye mkeka, nguo hazina ua, mikono mitupu mapajani. Sikuwa nimewahi kuiona mikono ile haina kitu. Ilikuwa ya kizee kabisa.

"Shikamoo, somo."

"Marahaba. Umeniletea mlango?"

Nikajaribu kucheka, sauti ikatoka kama ya kuku. Nikafunua. Nikamweleza yote, Kigombe, Mkurugenzi, siku ya pili, maneno yanagongana. Hakunitazama. Alikuwa anajitazama yeye mwenyewe akicheka, na mimi nilikuwa naogopa atalia, kisha nikaogopa zaidi kwamba halii.

"Siku ile," akasema, "kaniudhi. Mbele ya watu wote ananiita mwali."

Nikakaa kimya. Ilikuwa mara yangu ya kwanza, ulizeni yeyote.

"Ikiangikwa hivi nitasemwa, Mishi. Mimi nimewafunda wari wa mtaa huu mzima. Nani atanisikiliza tena?"

"Basi tuitoe, somo."

"Na hao wasioona huko Kigombe wana kosa gani?" Akavuta ukingo wa shuka, akaurudisha polepole juu ya ile picha, kama anamfunika mtu aliyelala. "Ifunikeni. Ipelekeni huko kwenu, iangikeni, na ikae eda na mimi. Nikitoka mimi, nayo itoke."

"Wakiuliza?"

"Waambie hivyo. Na wewe ukae nayo. Mwenye eda haachwi peke yake."

Ndivyo nilivyopata kazi ngumu kuliko zote nilizowahi kupewa pale: kukaa kwenye kigoda chini ya picha isiyoonekana. Mzee Benki aliposikia jibu hakugonga hata jino moja. Alileta kitambaa cheupe kisicho na ua, akakining'iniza mwenyewe, akasawazisha pembe zake kama anaifunika maiti, kisha akaenda kujiosha uso.

Siku ya maonyesho ghala likajaa. Wanawake wa Ngamiani walikuja na buibui zao, wakapita picha moja baada ya nyingine wakitafutana. "Huyu si shemeji yako? Mbona mwembamba?" Walipofika kwangu wakasimama. Hawakuuliza. Mmoja akanong'ona kitu, mwingine akajifuta macho kwa pembe ya mtandio, wakakaa hapohapo sakafuni kama wako msibani. Wageni wa Dar wao walidhani ni sanaa mpya. Kijana mmoja wa miwani alikiandikia kitambaa maneno mengi sana kwenye simu yake.

Halafu akaja Mkurugenzi. Mrefu, ananukia duka zima la manukato.

"Hamza! Iko wapi yangu?"

Mzee Benki akamwonyesha, akafungua mdomo aeleze, na Mkurugenzi akawa ameshafika kwangu.

"Binti, kuna nini humu?"

"Shikamoo. Kuna mtu. Yuko eda."

"Picha iko eda?"

"Ndiyo, babu."

Akacheka, si kwa ubaya, akageuka kucheka na wenzake. "Hamza, siku hizi unauza vitambaa?" Na mkono wake ukaenda kwenye ukingo wa kile kitambaa. Nauona mpaka leo, una pete na saa. Nikatazama upande wa Mzee Benki. Alikuwa amekuwa mweupe kama ukuta. Kama asingemzuia, Bi Mwanaidi angesemwa. Kama angemzuia, angemwaibisha mtu ambaye siku ya pili ya Kigombe ilikuwa mfukoni mwake. Alikaa katikati kama mkanda kwenye kopo.

Neno likanitoka tu:

"Hujapiga hodi, babu."

Mkono ukasimama. "Nini?"

"Ni chumba cha mtu. Hujapiga hodi."

Akanitazama, akawatazama wanawake pale sakafuni, akadhani ni mchezo. "Haya, hodi!" akasema kwa sauti ya kuchekesha.

Nyinyi mnajua hodi ikipigwa koo linavyowasha. Mimi, niliyeiunguza Amani kwa neno moja, lile neno lilikuwa limefika kwenye meno. Nikaliuma. Na ghala zima, watu wa Tanga wale, ambao hata mwizi akipiga hodi atakaribishwa kwanza, hakuna aliyejibu.

"Hodi?" akasema tena. Mara hii hakucheka.

Feni inalia.

"Hodi," akasema mara ya tatu, chini kabisa, kama mtu aliyekumbuka ghafla nyumba alikolelewa. Na mnajua sheria. Ukipiga hodi mara tatu usijibiwe, unarudi. Akaushusha mkono, akaupitisha kwenye koti lake kama aliyekuwa anataka kujikuna tu, akaenda zake. Hakununua kitu.

Niliona nimeharibu mara ya pili, na mara hii kwa kutosema karibu.

Kigombe tulikwenda kwa siku moja. Watu walipimwa, wakapewa miwani, bibi mmoja akavaa ya kwake akamtazama mumewe, akasema, "Kumbe ndiyo wewe?" Lakini wenye mtoto wa jicho tuliwarudisha. Mmoja alimshika Mzee Benki mkono, akamuuliza, "Lini, mwanangu?" Mtu aliyewapangia watu tarehe maisha yake yote hakuwa na tarehe. Njia nzima ya kurudi alitazama dirishani.

Tukangoja. Picha iko studioni, imefunikwa, na mimi nikiingia naisalimia, msinicheke. Huko Dar kimya. Kisha, eda ikikaribia kwisha, ukaja ujumbe wa Mkurugenzi kwenye simu ya Mzee Benki: "Mwenye nyumba akitoka, nijulishe. Nitanunua nitakayoruhusiwa."

Bi Mwanaidi alitoka akaoga, akapaka hina, akaja na wanawake wake mpaka studio. Mzee Benki akakitoa kitambaa. Yule mwingine wa pichani akawa anacheka palepale alipoachwa. Bi Mwanaidi akamtazama.

"Huyu nakwenda naye nyumbani," akasema. "Huyu ni wa Bakari."

Tak, ikasikika. Moja tu.

"Usianze kugonga meno, Hamza. Nipige nyingine, hiyo ndiyo ukauze. Mishi, simama alipokuwa amesimama yeye. Nichekeshe."

Nikasimama nyuma ya bega la Mzee Benki. Nilitoa yote niliyonayo. Mwalimu wa fizikia anavyokimbia ng'ombe. Mzee Benki alivyopiga chafya meno yakaangukia beseni la tatu. Wanawake wanashikana mbavu, na Bi Mwanaidi kanuna kama anapimwa malaria tena. Vichekesho vikaniishia. Sikuwahi kujua vina mwisho. Nikabaki nimesimama mahali pa mtu mwingine, mikono inaning'inia.

Yeye akapatazama pale nilipo, juu kidogo ya kichwa changu, kwenye urefu wa Mzee Bakari.

"Mwali, tulia," akajiambia mwenyewe, taratibu.

Kamera ikalia. Mara moja, kama desturi yake. Na wala hatukujua kama ililia kabla uso haujabadilika au baada, wala ulibadilika kwenda wapi, maana Bi Mwanaidi alikuwa ameshajifunika na mtandio.

Tukaingia chumba cha giza, Bi Rukia mlangoni. Hii ndiyo kazi yangu ya mwisho, wadogo zangu, kwa hiyo sikilizeni. Karatasi kwenye beseni la kwanza inakaa nyeupe, nyeupe, mpaka udhani umekosea. Yaliyo meusi huja mwanzo. Ikaja hina. Maua, vidole, viwiko, mikono peke yake imekaa hewani haina mtu. Tak, tak, tak. Yakaja macho, na macho yalikuwa na maji, nikasema basi, kwisha, Kigombe imekwenda. Mdomo haujaja.

"Hodi!" Nje. Sauti yake. "Nilicheka au sikucheka?"

"Subiri, somo!"

"Nimesubiri miezi minne, we mtoto!"

Tak, tak. Mdomo ukaja mwisho, kutoka pembeni kuelekea katikati, na ulikuwa wazi, na meno yote yaliyobaki yalikuwa nje. Mzee Benki akaacha kugonga. Nikaipitisha beseni la pili, nikailaza la tatu, nikangoja mpaka nikawa na hakika hakuna mwanga wa dunia hii utakaoidhuru.

"Karibu," nikasema, nikafungua mlango.